Bendi Kubwa Mbele ya Kamera (2): Duke Ellington

Wiki iliyopita tuliona jinsi sinema za sauti zilivyozitafutia bendi kubwa za Marekani hadhira mpya. Leo tumfuate Duke Ellington, ambaye filamu fupi zilimpa heshima iliyokuwa adimu katika filamu ndefu: kuonekana kama mtunzi.

Alianza mwaka 1929 na *Black and Tan*, iliyoongozwa na Dudley Murphy kwa ajili ya studio ya RKO. Wakati huo bendi yake ilikuwa ikipiga Cotton Club, Harlem, ukumbi ambamo watumbuizaji walikuwa weusi na wateja wazungu. Tunamkuta chumbani, yuko kwenye piano, akimwelekeza mpiga tarumbeta Arthur Whetsol. Mara wanaingia wanaume wawili kuchukua piano, kwa kuwa deni lake halijalipwa. Hao wamechorwa kama mabwege wasiojua kusoma, kichekesho ambacho Hollywood haikuchoka kuwabandika watu weusi. Mcheza dansi Fredi Washington anawalainisha kwa pombe. Ellington haingii kwenye mzaha huo. Suti imemkaa, maneno yake machache, sauti ya chini. Kisha Fredi, ambaye ana ugonjwa wa moyo, anacheza ukumbini mpaka anaanguka, na bendi inampigia *Black and Tan Fantasy* akikata roho.

Linganisha na filamu ndefu ya 1930, *Check and Double Check*. Humo bendi ilipiga muziki, basi. Tena Juan Tizol wa Puerto Rico na Barney Bigard wa New Orleans, waliokuwa na ngozi nyeupe kiasi, walipakwa rangi wawe weusi zaidi, watazamaji wasije wakadhani bendi imechanganya wazungu na weusi!

Kilele ni *Symphony in Black* ya Paramount, mwaka 1935, chini ya Fred Waller. Ina dakika kama 9 tu. Ellington yuko studio kwake, barua inamkumbusha kwamba kazi aliyoagizwa inasubiriwa, naye anaandika muziki kwa mkono. Anachoandika kinageuka picha: vibarua wakibeba mizigo, mapenzi na wivu, waumini wakiomboleza, dansi za Harlem. Katika sehemu ya wivu, msichana anasukumwa chini na mwanamume wake, kisha anaimba. Ni Billie Holiday, akiwa bado hana jina. Miaka 8 baadaye Ellington alipeleka utunzi wake mrefu, *Black, Brown and Beige*, katika ukumbi wa Carnegie Hall. Sinema ilikuwa imeshamvika joho la mtunzi.

Mwaka 1941, bendi ikiwa Los Angeles kwa onyesho la *Jump for Joy*, zilipigwa filamu za dakika 3 ziitwazo Soundies. Katika *Hot Chocolate*, saksafoni ya Ben Webster inawatangulia wacheza dansi wa Whitey's Lindy Hoppers, na kasi yao bado inashangaza. Zilionyeshwa kwenye Panoram, mashine za baani na hotelini: unatumbukiza senti 10, unatazama filamu ambayo zamu yake imefika, huna kuchagua. Kwa kuwa picha ilipitia vioo ndani ya mashine, filamu zilichapishwa kinyume. Ndiyo maana katika nakala ambazo hazijarekebishwa, sauti nyembamba za piano ziko kushoto kwa Ellington.

Wiki ijayo: Cab Calloway na katuni za Betty Boop.