Utunzi wa hadithi za kubuni

Utunzi wa hadithi za kubuni (pia: utunzi wa bunilizi) ni kazi ya kuandika masimulizi ya nathari yanayotokana na ubunifu wa mwandishi, kama vile hadithi fupi, novela na riwaya. Jina hilo linahusu pia ustadi unaotakiwa katika kazi hiyo: kuumba wahusika, kusuka matukio, kuchagua msimulizi, kuandika mazungumzo na kusahihisha mswada. Hadithi ya kubuni inaweza kutumia mahali na matukio ya kweli, lakini haidai kwamba kila kinachosimuliwa kilitokea.

Suala la kama ustadi huu unaweza kufundishwa limejadiliwa kwa muda mrefu. Wanaoufundisha kwa kawaida husema kwamba kipaji hakifundishwi, lakini mbinu hufundishwa kama zinavyofundishwa mbinu za useremala au uchoraji: kwa kuchunguza kazi za waliotangulia, kujaribu, kukosolewa na kurudia.

Historia

Katika jamii za Waswahili usimulizi ulifunzwa kwanza kwa kusikiliza. Mtambaji wa ngano huita "Paukwa!" na hadhira huitikia "Pakawa!" Wanaomsikiliza mara kwa mara hujifunza kubadili sauti kwa kila mhusika, kurudia wimbo wa hadithi na kukawiza jambo linalongojewa. Mtambaji huona papo hapo kama hadhira imechoka. Mwandishi hamwoni msomaji wake, kwa hiyo hana budi kukisia atakachokielewa na atakachokichoka.

Katika Ugiriki ya Kale, Aristoteli alieleza katika Poetiki kwamba tamthilia ya tanzia inapaswa kuwa na mwanzo, kati na mwisho, na kwamba tukio moja litokane na lingine. Wazo hilo baadaye lilitumika pia kwa riwaya. Mnamo 1936 Chuo Kikuu cha Iowa nchini Marekani kilianzisha warsha ya waandishi iliyoigwa na vyuo vingine vingi.

Upande wa Kiswahili, kitabu cha James Mbotela, Uhuru wa Watumwa (1934), huhesabiwa miongoni mwa kazi za mwanzo za nathari ndefu. Shaaban Robert (1909-1962) alifuata na visa kama Kusadikika, ambamo mshtakiwa Karama anajitetea barazani kwa kusimulia safari za wajumbe: hadithi ndani ya hadithi, kama katika ngano za kale. Mashindano nayo yalisaidia waandishi wapya. Muhammed Said Abdulla wa Zanzibar alishinda shindano la East African Literature Bureau la 1957-1958 kwa kazi iliyochapishwa mwaka 1960 kwa jina la Mzimu wa Watu wa Kale.

Mwaka 1962 waandishi wa Afrika walikutana katika Chuo cha Makerere, Uganda. Ngũgĩ wa Thiong'o, wakati huo akiwa mwanafunzi, alimwonyesha Chinua Achebe mswada wake. Riwaya yake Weep Not, Child ilitoka mwaka 1964.

Mhusika na msuko

Msuko ni mpangilio wa matukio kwa kufuata sababu na matokeo. Mwandishi Mwingereza E. M. Forster, katika mihadhara iliyochapishwa mwaka 1927, alitofautisha matukio yanayofuatana kwa wakati tu na yale yanayofungwa pamoja na sababu. Kwa mfano, "Juma alihama kijijini, kisha nduguye akauza shamba" ni mfuatano. "Juma alihama kijijini kwa sababu nduguye aliuza shamba bila kumwambia" ni mwanzo wa msuko, kwani msomaji hutaka kujua watakapokutana itakuwaje.

Forster ndiye pia aliyeeneza mgawanyo wa wahusika bapa, wenye sifa moja isiyobadilika, na wahusika duara, wanaoweza kumshangaza msomaji bila kupoteza uhalisi. Njia inayotumika sana kumfundisha mwanagenzi ni kumtaka ajibu maswali matatu kabla ya kuandika: mhusika anataka nini, nini kinamzuia, na atapoteza nini akishindwa. Majibu hayo ndiyo huzaa taharuki.

Msimulizi

Msimulizi si lazima awe na mawazo ya mwandishi. Msimulizi wa nafsi ya kwanza hujua yale tu aliyoyaona au kuambiwa. Euphrase Kezilahabi alitumia njia hii katika Kichwamaji (1974), inayosimuliwa na Kazimoto, na Ken Walibora katika Siku Njema (1996), inayosimuliwa na Kongowea Mswahili. Msimulizi wa nafsi ya tatu anaweza kuwa maizi, yaani mwenye kujua mawazo ya wahusika wote, au kufuata mhusika mmoja tu. Kosa la kawaida la wanaoanza ni kuruka kutoka moyo wa mhusika mmoja hadi wa mwingine ndani ya aya moja bila sababu.

Lugha ya masimulizi katika Kiswahili

Kiswahili kina nyenzo zake ambazo vitabu vya mafunzo vya lugha nyingine havizielezi:

Kiambishi -ka- huharakisha matukio: "Alifungua mlango, akaingia, akaketi." Kikitumika ukurasa mzima, hadithi hufanana na taarifa ya polisi.

Viambishi -ki- na -me- hutuliza mwendo na kujenga mandhari: "Alipoingia, mama yake alikuwa amelala, taa ikiwaka."

Kiambishi hu- huonyesha mazoea. Hufaa kueleza maisha ya kila siku kabla ya siku ile ambayo jambo lilibadilika.

Kiambishi a- hakitofautishi mwanamume na mwanamke. Watu wawili wakigombana katika tukio moja, msomaji anaweza kupotea asijue nani alimpiga nani, hivyo mwandishi hutumia majina, vyeo au kauli zenyewe kuwatenga. Kwa upande mwingine, katika hadithi ya upelelezi sifa hiyo humwezesha mwandishi kuficha jinsia ya mhalifu bila kudanganya.

Mazungumzo nayo hubeba mengi. Mhusika hutambulika kwa lahaja, kwa namna anavyoamkia na kwa jina analomwita mwenzake. Anayesema "shikamoo" na asijibiwe ameonyesha mgogoro kabla mwandishi hajaueleza.

Insha na hadithi

Wanafunzi wengi wa Afrika Mashariki huanza utunzi shuleni kwa insha ya methali, ambapo kisa huandikwa ili kudhihirisha maana ya methali iliyotolewa. Zoezi hili hufundisha mpangilio na utajiri wa lugha. Lakini mwisho wake unajulikana tangu mwanzo, na mhusika huenda anakosukumwa na funzo: mkaidi hana budi kuumia. Anayehamia kwenye hadithi hulazimika kujizoeza kinyume chake, yaani kumwacha mhusika achague, kisha kufuata matokeo ya uchaguzi huo hata yakipingana na methali. Hilo halimaanishi hadithi isiwe na dhamira. Rosa Mistika (1971) ya Kezilahabi inahusu malezi na maadili, lakini haimpi msomaji jibu jepesi, na kwa muda haikuruhusiwa shuleni.

Njia za kujifunza

Kusoma kwa uchunguzi: mwanagenzi huchagua sura iliyomvutia na kuandika kando ya kila aya inafanya kazi gani.

Warsha: washiriki husoma mswada mapema, kisha huujadili mwandishi akiwa kimya. Faida yake ni kwamba mwandishi husikia kilichoeleweka kutoka kwenye maandishi yenyewe, bila yeye kuyafafanua. Wakosoaji husema kwamba warsha inaweza kumnyamazisha mwandishi ambaye utamaduni wake haujulikani kwa wenzake.

Kuandika upya: rasimu ya kwanza humsaidia mwandishi kuijua hadithi yake. Zinazofuata humsaidia msomaji. Kusoma mswada kwa sauti hufichua sentensi ndefu mno na mazungumzo yasiyosemeka.

Tuzo: tuzo ya fasihi ya Kiswahili iliyoanzishwa mwaka 2014 kwa jina la Mabati-Cornell hupokea miswada ambayo haijachapishwa, na hivyo kumpa mwandishi mpya sababu ya kuimaliza kazi yake.

Tazama pia

Fasihi simulizi
Hadithi fupi
Riwaya
Insha