Daktari wa Wanyama katika Jeshi, na Jinsi Sotoka Ilivyokomeshwa

Mtu akisikia kwamba jeshi la Waingereza lilikuwa na kikosi kizima cha madaktari wa wanyama, aghalabu huuliza, "Askari wana haja gani na daktari wa ng'ombe?" Swali hili ni jema, na jibu lake latuhusu sana sisi tukaao Shinyanga na Geita, katika nchi ya mifugo. Maana miongoni mwa madaktari wale waliovaa nguo za askari alitoka mmoja ambaye kazi yake ilisaidia kukomesha ugonjwa uliowafilisi babu zetu. Basi yafaa tulieleze jambo hili toka mwanzo, ili kila msomaji aelewe dawa ile ilipatikanaje, na leo yatupasa kufanya nini.

Kazi ya daktari wa wanyama vitani

Katika Vita Kuu ya 1914 hata 1918 motokaa zilikuwa chache, na njia nyingi hazikuzifaa. Mizinga ilivutwa na farasi. Vyakula na risasi vilichukuliwa na punda, ng'ombe, na baghala, yaani mnyama azaliwaye na punda na farasi. Australia peke yake ilipeleka ng'ambo farasi zaidi ya 130,000, na vita vilipokwisha ni mmoja tu aliyerudishwa kwao. Vijana wa nchi ile walikwenda vitani kila mtu na elimu yake, na hata miongoni mwa wacheza mpira wa namna ya kwao, uchezwao kwa mikono na miguu, walikuwamo waliosomea uganga wa wanyama, wakawekwa kuwatunza farasi wa jeshi.

Kazi yao ilikuwa ya namna tatu. Kwanza, kuwakagua wanyama walionunuliwa, wasije wakachukuliwa wenye ugonjwa. Pili, kuwatibu waliojeruhiwa na waliochoka. Tatu, na hii ndiyo kubwa, kuwatenga wagonjwa upesi na wazima, maana farasi mmoja mwenye ugonjwa wa kuambukiza aweza kuangamiza zizi zima kabla ya adui hajafyatua risasi moja. Kwa uangalifu huo, katika hospitali za wanyama za jeshi la Waingereza, kama wanne katika kila watano waliotibiwa walirudi kazini.

Lakini katika nchi yetu madaktari hao walishindwa. Mwaka wa 1916 majeshi ya Jenerali Smuts yaliingia Tanganyika kupigana na Wadachi, nao askari wa farasi kutoka Afrika ya Kusini wakafika Kondoa Irangi mwezi wa Aprili. Farasi wale walipita katika mapori ya mbung'o, wakapata nagana. Na wengine walishikwa na ugonjwa wa farasi uletwao na visubi. Madaktari waliwapa dawa ya aseniki, nao walijua kwamba haiponyi. Ilimwongezea mnyama majuma machache tu ya kufanya kazi. Farasi wakafa kwa maelfu. Mwaka huo huo jeshi jingine la Waingereza lilitwaa Mwanza mwezi wa Julai, likashuka Shinyanga mwezi wa Agosti likielekea reli ya Tabora.

Basi wanyama walipokufa, mizigo yao ilikwenda wapi? Ilitwikwa vichwani mwa watu. Wapagazi walikusanywa nchi nzima kwa mamia ya maelfu, na wengi mno hawakurudi makwao, kwa njaa, kuhara na homa. Jina la Kariakoo huko Dar es Salaam latokana na kikosi hicho cha wapagazi. Kwa hiyo mtu asidhani kwamba ugonjwa wa mnyama ni shauri la mnyama peke yake. Mnyama akianguka, mzigo wake humwangukia binadamu.

Sotoka na nchi ya Usukuma

Wazee wetu walikwisha kulijua jambo hilo kabla ya vita. Sotoka iliingia Afrika upande wa Eritrea kama mwaka wa 1887, ikaletwa na ng'ombe waliotoka ng'ambo. Ikashuka kusini upesi kama moto wa nyika. Kama mwaka wa 1890 na 1891 ilikuwa katika nchi za Ziwa na Umasaini, na mwaka wa 1896 ikavuka mto Zambezi. Ng'ombe aliyeshikwa alipata homa kali, akatokwa na machozi na makamasi, kinywa kikajaa vidonda, kisha akahara hata akafa katika siku chache. Pahali pengi katika kila ng'ombe kumi walikufa tisa.

Na balaa halikuishia hapo. Ng'ombe walipokwisha, hapakuwa na wa kula majani wala wa kukanyaga machipukizi ya miti. Na watu walipopungua kwa njaa na kuhama, mashamba yakarudi kuwa pori. Pori likaleta mbung'o, na mbung'o wakazuia ng'ombe wasirudi. Hivyo ugonjwa mmoja uliufungulia mlango ugonjwa wa pili.

Kwa sababu hiyo Shinyanga ilipata kujulikana duniani kwa kazi ya kupigana na mbung'o. Katika miaka ya 1920 Bwana C. F. M. Swynnerton aliwaomba watemi wa Shinyanga, naye Mtemi Makwaia wa Usiha akiwa mmoja wao, wawatoe watu wao kufyeka pori kwa pamoja. Maelfu ya watu walikuja na mashoka yao, wakafanya kazi ambayo serikali isingaliweza kuifanya kwa fedha. Baadaye Idara ya Utafiti wa Mbung'o iliwekwa papo hapo Shinyanga. Bwana Swynnerton alifariki mwaka wa 1938, ndege yake ilipoanguka, pamoja na Bwana B. D. Burtt, mjuzi wa mimea.

Pori lilipofyekwa nchi ilifunguka. Mpango wa Maendeleo ya Usukuma, ulioanza mwaka wa 1947, uliwatia watu moyo wahame na ng'ombe wao kutoka nchi zilizosongamana kwenda Geita, ambako mgodi wa dhahabu ulikwisha kufunguliwa katika miaka ya 1930. Wachimbaji wahitaji nyama, na mwenye ng'ombe ahitaji soko. Hilo ni jema. Walakini, kadiri ng'ombe wanavyotembea ndivyo ugonjwa unavyotembea nao. Nchi ya namna hii haikuweza kustawi sotoka ikiwapo.

Walter Plowright

Walter Plowright alizaliwa Uingereza mwaka wa 1923, akasoma uganga wa wanyama London, akamaliza mwaka wa 1944, Vita vya Pili vikiwa vinaendelea. Mwaka wa 1945 aliingia Kikosi cha Madaktari wa Wanyama cha Jeshi, akatumika hata 1948, na utumishi huo ndio uliomleta Afrika ya Mashariki. Hapa aliona magonjwa ambayo huko kwao ni habari za vitabuni tu. Alipotoka jeshini alifundisha kwa muda London; kisha mwaka wa 1950 akarudi Afrika, safari hii bila bunduki, akafanya kazi Kenya, kisha Nigeria, kisha tena Kenya, pale Muguga karibu na Nairobi.

Kabla yake zilikuwako chanjo. Ile iliyotumiwa sana ilitengenezwa kwa kupitisha virusi vya sotoka katika miili ya mbuzi, mmoja baada ya mwingine, hata vikapungua ukali kwa ng'ombe. Dawa hiyo iliokoa ng'ombe wengi, lakini ilikuwa na kasoro: ng'ombe wa jamii dhaifu waliweza kuugua kwa chanjo yenyewe, na mwenye ng'ombe akiona hivyo hukataa kuwaleta tena.

Plowright, akisaidiana na R. D. Ferris, alifuata njia nyingine. Alichukua chembe hai za figo ya ndama, akazikuza katika chupa, akavitia virusi humo. Vikiisha kuzaana alivihamisha katika chupa nyingine, na nyingine tena, mara kama tisini. Mwishoni virusi vile vilikuwa vimesahau kuua, lakini mwili wa ng'ombe uliweza bado kuvitambua na kujiwekea kinga. Ng'ombe aliyechanjwa mara moja hakuugua kwa chanjo, wala hakushikwa na sotoka maisha yake yote. Tena dawa ilikuwa rahisi kutengenezwa kwa wingi na kwa gharama ndogo. Kazi hiyo ilitimia miaka ya 1960 ilipoanza.

Dawa na watu

Dawa ikikaa chupani haimponyi ng'ombe. Toka mwaka wa 1962 hata 1976 nchi nyingi za Afrika zilishirikiana kuchanja ng'ombe kwa mamilioni, na sotoka ikapungua sana. Faida ilionekana hata porini. Huko Serengeti, mashariki ya Usukuma, nyumbu wa porini walikuwa kama 250,000 mwanzoni mwa miaka ya 1960. Kabla miaka ya 1970 haijaisha walizidi milioni moja. Wanyama wale hawakuchanjwa hata mmoja. Ilitosha kuchanja ng'ombe waliokuwa jirani nao, na hivyo ikajulikana kwamba ugonjwa ulikuwa ukitoka kwa ng'ombe kwenda kwa wanyama wa porini.

Kisha watu wakalegea. Wakaona ugonjwa haupo, wakaona chanjo ni usumbufu na gharama bure. Mwaka wa 1982 sotoka ilikuwa imekwisha kurudi Tanzania ya kaskazini, na mwaka wa 1997 ikaingia tena. Ilibidi kazi ianzishwe upya, mara hii kwa chanjo iliyotengenezwa isiharibike upesi kwa joto, hata mchanjaji aliweza kuichukua kwa miguu mpaka kambi za wafugaji zilizo mbali. Mara ya mwisho sotoka ilionekana kwa nyati wa Meru, Kenya, mwaka wa 2001. Mwaka wa 2011 ilitangazwa kwamba imekwisha duniani kote. Hadi leo magonjwa yaliyokomeshwa kabisa na wanadamu ni mawili tu: ndui ya watu, na sotoka ya ng'ombe. Plowright alifariki mwezi wa Februari 2010, mwaka mmoja kabla ya tangazo hilo.

Yatupasayo

Sasa ng'ombe hawachanjwi sotoka tena, maana haipo. Maana yake ni kwamba hakuna ng'ombe hata mmoja Shinyanga wala Geita aliye na kinga yake. Tena yuko ndugu yake, sotoka ya mbuzi na kondoo, iliyothibitishwa Tanzania mwaka wa 2008. Dalili zake zafanana na zile za zamani: homa, makamasi, vidonda vya kinywa, kuhara. Chanjo yake ipo, na mataifa yamekusudia kuikomesha ifikapo 2030. Mbuzi ndiye akiba ya mnyonge; yeye ndiye auzwaye kwa ada ya shule na dawa ya mtoto. Kwa hiyo:

1. Mwenye mifugo akiona dalili hizo na ampashe bwana mifugo siku ile ile. Asimpeleke mnyama mgonjwa mnadani ili ampate mnunuzi asiyejua. Fedha aipatayo ni hasara ya kijiji kizima.

2. Siku ya kuchanja ikitangazwa, wanyama wote waletwe. Anayeficha nusu ya kundi lake ameuacha ugonjwa mahali pa kulala.

3. Viongozi wa vijiji watangaze siku hiyo mapema, wakikumbuka watemi waliokwenda wenyewe porini pamoja na watu wao.

4. Walimu wawaeleze watoto jinsi chanjo inavyofanya kazi, maana mara nyingi mtoto ndiye mchungaji, naye ndiye wa kwanza kumwona mbuzi aliyeacha kula.

Daktari mmoja alitengeneza dawa katika chupa huko Muguga. Waliomaliza sotoka ni wafugaji wasiohesabika walioamka alfajiri, wakawaswaga ng'ombe wao mpaka mahali pa kuchanjia, wakangoja zamu yao juani.