Fundi wa Lamu mbele ya mawe ya Angkor

Safari ninayokuhadithia leo haikuwa yangu. Ilikuwa ya rafiki yangu mmoja, fundi mwashi mzaliwa wa Lamu, mzee wa miaka 71 ambaye mikono yake imepaka chokaa nusu ya nyumba kongwe za mtaa wetu hapa Mombasa. Mwanawe aliyeko Muscat alimwuliza, "Baba, umeshahiji, sasa wataka kuona nini duniani?" Mzee akajibu papo hapo: "Nataka kuona jengo kubwa la mawe kuliko yote niliyopata kuyasikia." Kijana akatafuta, akaipata Angkor katika nchi ya Kambodia, akalipa siku nne kamili: gari, dereva na mtu wa kutuongoza, sisi wawili peke yetu, hatuchanganywi na kundi la watalii. Mimi nilichukuliwa kwa sababu ya Kiingereza changu.

Jambo moja mzee hakuambiwa. Jengo hilo ni hekalu. Alilijua usiku wa kwanza, tukiwa tayari hotelini mjini Siem Reap, nilipomsomea karatasi ya ratiba.

"Mwalimu," akaniambia, "mimi nimetoka Makka, kisha nije huku kuzuru masanamu?"

Nikamkumbusha kuwa tumeamrishwa tutembee katika ardhi tutazame mwisho wa waliotutangulia. Akanyamaza kitambo, kisha akatoa shuruti: kuta atazitazama, masanamu hatayatazama, na juu kwenye minara hapandi. Magoti yake, kusema kweli, yasingempandisha hata angetaka.

MAWE BILA CHOKAA

Tulitoka kabla jua halijachomoza. Kwenye ofisi ya tikiti walitupiga picha, wakachapa sura zetu juu ya vyeti vya siku 3, dola 62 kila mmoja. Kijana aliyetuongoza alikuwa mtu wa miaka 35 hivi, Mbudha, mpole, aliyemwita rafiki yangu "Lok Ta", yaani babu mheshimiwa kwa Kikhmer. Jina hilo lilimpendeza mzee, na kuanzia hapo ushuruti wake ukaanza kulegea.

Angkor Wat huioni kwanza, huona maji. Limechimbwa handaki pana la mita 190, likalizunguka jengo lote pande nne, na njia ya mawe yapita katikati. Mwisho wa njia hiyo ndipo minara mitano iliposimama, mrefu wao mita 65, jua likipanda nyuma yake. Mfalme Suryavarman wa Pili ndiye aliyeanza kulijenga mwanzoni mwa karne ya 12 kwa ajili ya mungu wa Kihindu, Vishnu, na baadaye likawa la Mabudha mpaka leo. Picha yake imo ndani ya bendera ya nchi hiyo.

Watalii wote walikuwa wakipiga picha. Fundi alikuwa amegeuka upande wa pili, ameuweka ukucha wake baina ya mawe mawili ya ukuta, ukucha hauingii.

"Chokaa iko wapi?" akauliza.

Nikatafsiri. Kijana akacheka, akasema hakuna. Mawe haya ya mchanga yalikatwa kwenye vilima vya Kulen, yakaletwa kwa njia za maji, kisha jiwe likasuguliwa juu ya jiwe mpaka yakashikana. Matundu madogo ya duara yanayoonekana kila mahali yalitiwa vigingi vya mti ili kamba zipate pa kunyanyulia. Ndani ya kuta na misingi kuna mawe mengine mekundu, ambayo hukatika kwa urahisi yakiwa ardhini na huwa magumu yakipata hewa. Mzee akatia kidole katika tundu moja, akaguna. Kwetu, bila kuchoma matumbawe tanuuni ukapata chokaa, huna nyumba.

Tulipoingia ndani nilishangaa kuona jengo kubwa namna ile lina vyumba na baraza nyembamba kama vichochoro. Kijana alikuwa na maelezo yake, lakini fundi alimtangulia. Alitazama juu akasema: "Hawa hawakujua tao." Naam, ndivyo. Wakhmer hawakujenga tao la kweli lenye jiwe la kufungia katikati. Walisogeza kila jiwe mbele kidogo juu ya lenzake, kutoka pande mbili, mpaka yakakutana. Paa la namna hiyo haliwezi kupanuka. "Ni kama sisi na boriti," mzee akaniambia. "Chumba cha Lamu ni chembamba kwa sababu mkoko haukui zaidi ya hapo. Mwenye kujenga hufuata alichonacho." Nilipomtafsiria kijana maneno hayo, alitoa daftari akaandika. Alikuwa ameongoza wageni miaka 12 na hakuna aliyewahi kumwambia kuhusu boriti.

WALIOKULA WALI NA WALIOCHONGA

Siku ya pili tulianzia Ta Prohm, hekalu ambalo Mfalme Jayavarman wa Saba alilitabaruku mwaka 1186 kwa kumbukumbu ya mama yake. Huko miti mikubwa imekalia kuta, mizizi imeteremka kama maji yaliyoganda. Mtu wa pwani hashangai sana, kwani Gede ina miti ya namna hiyo. Kilichonishangaza mimi ni hesabu. Maandishi ya mawe ya hekalu hilo yasema kuwa vijiji 3,140 viliwekwa kulitumikia, na watu 79,365 walihesabiwa katika utumishi huo. Watu elfu sabini na kitu, kwa hekalu moja! Na nyumba zao ziko wapi? Hakuna hata kizingiti. Mjumbe wa Kichina, Zhou Daguan, aliyekaa Angkor mwaka 1296 na 1297, aliandika kuwa watu wa kawaida waliezeka majani tu. Jiwe lilikuwa la miungu. Mkulima aliyelisha waliolichonga aliishi chini ya majani, na majani yameoza.

Pahali pamoja tu niliwaona watu hao: katika ukuta wa nje wa Bayon, hekalu lenye minara ya nyuso kubwa za mawe. Nyuso hizo fundi alizipita ameinamisha kichwa. Lakini chini, kwenye ukuta, kumechongwa sokoni: wanawake wanauza samaki, wanaume wanapiganisha majogoo, mmoja anapika, mwingine yu katika uchungu wa kuzaa. Juu ya michoro hiyo kuna vita vya majini, merikebu kwa merikebu, na samaki wamekaa baina ya makasia.

"Hawa wenye kofia kama ua lililopinduliwa ni Wacham," kijana akasema. "Walikuja kwa maji mwaka 1177 wakauteka mji. Maadui zetu wa kale. Siku hizi ni Waislamu kama nyinyi."

Fundi alikuwa ameshatangulia hatua kumi. Alirudi.

"Waislamu? Wako wapi?"

Hapa, msomaji, nikueleze kidogo. Wacham walikuwa na dola yao, Champa, katika pwani ambayo leo ni ya Vietnam, na zama za vita hivyo walikuwa wa dini za Kihindu na Kibudha. Uislamu ulienea kwao baadaye, kwa bahari, kama ulivyokuja kwetu. Mji wao mkuu wa Vijaya ulipoanguka mikononi mwa Wavietnam mwaka 1471, wengi walihamia Kambodia, nchi ya maadui zao, na ikawapokea. Katika karne ya 17 mfalme mmoja wa Kambodia mwenyewe alisilimu akaitwa Ibrahim, akatawala kuanzia 1642 hadi alipong'olewa 1658. Wengi wa Wacham wa Kambodia ni Masuni wa madhehebu ya Shafi, yaani yetu sisi.

Ratiba haikuwa na Wacham. Siku ya nne tulikuwa tutembezwe masoko na karakana za hariri. Mzee akasema hataki hariri. Kijana alikuna kichwa: kijiji alichokijua kwa jina kiko mbali, kwenye mto Mekong, wilaya ya Krouch Chhmar, na yeye mwenyewe hajapata kufika. Dereva aliomba nyongeza ya mafuta, tukampa.

MGEMA WA KIKHMER

Siku ya tatu nitaieleza kwa ufupi, ingawa hekalu zuri kuliko yote ni la siku hiyo. Banteay Srei ni dogo, la mawe ya rangi ya waridi, lilitabarukiwa mwaka 967, na nakshi zake ni za kina kiasi cha kudhani zimechongwa kwenye mbao. Fundi alisema mlango mmoja wa Lamu ungekaa pale bila kuona haya. Mwaka 1923 Mfaransa André Malraux, ambaye baadaye alikuwa waziri wa utamaduni wa nchi yake, alikata masanamu ya hekalu hilo akayapakia. Alikamatwa, na mawe yakarudishwa. Mengine mengi ya nchi hiyo hayakurudi upesi. Mwaka 2023 jumba kubwa la makumbusho la New York, Metropolitan, lilitangaza kurudisha Kambodia sanamu 14. Nikavikumbuka vigango vya Wagiriama, vilivyong'olewa vikauzwa Marekani.

Njiani tulisimama kijiji cha Preah Dak. Huko watu hupanda mivumo kwa ngazi za mianzi, hukinga utomvu wa ua, kisha wake zao huuchemsha katika makarai mpaka ukawa sukari ya vigae. Ni mgema yule yule wa kwetu, ila kitoweo chake ni halali. Mama mmoja alitupa vipande ndani ya jani, akakataa pesa ya mzee, akakubali yangu.

KWENYE MTO MEKONG

Siku ya nne tuliondoka mara baada ya sala ya alfajiri, tukafika adhuhuri. Jina la kijiji sitalitaja, kwa kuwa wenyeji hawakutukaribisha ili waandikwe. Nyumba za mbao juu ya nguzo ndefu, wanawake wamejitanda, watoto na juzuu zao. Tulipotoa salamu, mzee mmoja aliyekuwa akitengeneza wavu aliitikia kabla hajainua uso.

Baada ya sala tulikaa chini ya nyumba yake. Akisema Kikhmer, kijana ageuze Kiingereza, nami nimpe fundi Kiswahili. Kwa njia hiyo ndefu ndivyo tulivyoyasikia.

Khmer Rouge walitwaa nchi yote Aprili 1975. Walikataza sala, wakakataza lugha ya Kicham, wakawakata wanawake nywele, wakakusanya misahafu, wakawalazimisha watu kula nguruwe. Katika wilaya hiyo hiyo, majira ya Ramadhani mwaka huo, watu wa Koh Phal na baadaye Svay Khleang waliinuka na mapanga na marungu kuitetea dini yao mbele ya bunduki. Walivunjwa, waliosalia wakatawanywa. Mpaka utawala ule ulipoanguka Januari 1979, kati ya viongozi wa dini wakubwa 113 wa Wacham, wanahistoria wanasema walisalia 20 hivi. Novemba 2018 mahakama maalumu ya Phnom Penh ilimtia Nuon Chea, aliyekuwa wa pili katika utawala huo, hatiani kwa mauaji ya kuangamiza Wacham.

Mzee yule hakutaja mahakama. Alisema baba yake aliitwa usiku kwenda mkutanoni na hakurudi, na kwamba yeye, mtoto wa miaka 9, alikuwa akisoma sura fupi fupi moyoni huku akichunga ng'ombe, midomo imefungwa, asije akaonekana anatikisa ulimi.

Kijana wetu alisita katikati ya tafsiri. Nikadhani limempotea neno. Kisha akasema kwa Kiingereza, akinitazama mimi: "Babu yangu pia aliitwa mkutanoni." Hakuwa amelisema hilo siku zote tatu. Akaligeuza kwa Kikhmer, na mzee wa Kicham akamsogezea kikombe cha chai.

Tulilala hapo. Alfajiri, imamu alipoinua mikono kwa kunuti katika rakaa ya pili, fundi alitoa "amin" ya sauti kubwa kiasi cha watoto wa safu ya nyuma kucheka.

Kulipopambazuka nilimtafuta rafiki yangu nisimwone. Nilimkuta nyuma ya msikiti amepiga magoti kando ya birika kongwe la kutilia udhu, anagonga ukuta wake kwa vifundo vya vidole. Birika lilikuwa na ufa, na juu ya ufa watu wamepaka simenti mara baada ya mara, na kila mara imebanduka. "Ndani ni chokaa," akaniambia. "Chokaa haipatani na simenti. Inaifungia unyevu. Waambie waibandue yote."

Lakini kijana alikuwa bado amelala garini. Mwenye nyumba alikuja na taa, akasimama. Fundi akachukua kijiti, akaandika ardhini kwa herufi za Kiarabu, kama tulivyoandikishwa chuoni sisi wa zamani: chokaa 1, mchanga 3. Yule mzee, ambaye Kicham chake nacho huandikwa kwa herufi hizo, aliinama akazifuata kwa kidole. "Cho-ka," akasoma. Akatikisa kichwa, hakujua ni kitu gani. Fundi akabandua kipande cheupe kutoka kwenye ufa, akakiweka juu ya neno.

Mzee akaandika chini yake neno lake mwenyewe. Zamu ya fundi ikawa kulisoma.