Dawa za mashambani zina undugu na sumu ya vita

VIUATILIFU vya kundi la oganofosfeti, vinavyotumika katika mashamba nchini, vina asili moja na silaha za sumu ya neva. Mwaka 1936, mkemia Mjerumani Gerhard Schrader, akitafuta dawa ya wadudu, aligundua tabuni. Sarini ilifuata mwaka 1938, na mwaka 1995 iliua watu jijini Tokyo.

Sumu hizo huzuia kimeng'enya kinachotuliza mishipa ya fahamu: mboni husinyaa, mate na jasho hutiririka, misuli hutetemeka, hatimaye pumzi hukatika.

Kwa mkulima wa viazi wa Njombe au Makambako, dalili hizo baada ya kupuliza dawa zisidhaniwe kuwa malaria. Avuliwe nguo, aoshwe kwa maji na sabuni, awahishwe hospitalini pamoja na lebo ya dawa. Sindano ya atropini, ikiwahi, huokoa maisha.