Wazazi wa Mawe

Vita Kuu vya 1914–1918 vilipokwisha, baadhi ya mafundi wa sanamu katika Ulaya waliona haifai tena kumtukuza jemadari juu ya farasi wake. Mmojawapo ni Bibi Käthe Kollwitz wa Berlin.

Mwanawe Peter, kijana wa miaka 18, alitaka kwenda vitani. Baba alikataa, mama ndiye aliyemwombea ruhusa. Mwezi wa Oktoba 1914 akauawa katika Ubelgiji.

Mwaka huo huo mama alianza kuwaza sanamu ya ukumbusho. Akaianza, akaiacha, akairudia, hata ikamalizika 1932: miaka 18, sawasawa na umri wa mtoto. Askari hamo hayumo! Twaona watu wawili tu wamepiga magoti, kila mmoja peke yake. Baba amejikumbatia, mama ameinama, wala hawagusani. Sura ni zake mwenyewe na mumewe. Nasi twadhani nafasi ile iliyo kati yao yasema kuliko mawe yenyewe.

Mwaka 1933, Hitler alipotawala, alilazimishwa kutoka katika Chuo cha Sanaa cha Prussia. Mjukuu wake, aliyeitwa Peter pia, aliuawa vitani 1942.

Leo sanamu hizo ziko Vladslo, Ubelgiji, na kaburi la Peter li mbele yao.