Mchezo wa Simu "Usiohitaji Intaneti" na Kifurushi Chako

Simu ya mkononi ilikuwa chombo cha michezo hata kabla haijaweza kuingia kwenye intaneti. Mwaka 1997 kampuni ya Nokia iliweka mchezo wa nyoka ndani ya simu yake ya 6110, na waliomiliki simu za kampuni hiyo mwanzoni mwa miaka ya 2000 wanakumbuka namna ulivyochezwa hadi usiku wa manane bila gharama yoyote isipokuwa chaji ya betri. Mchezo ule ulikaa ndani ya simu. Haukuwa na tangazo, haukumjua mchezaji wake, wala haukuwa na njia ya kumtoza. Picha hiyo ndiyo waliyonayo watumiaji wengi hadi leo wanaposoma katika duka la programu kwamba mchezo fulani unachezwa "bila intaneti".

Maneno hayo yana maana finyu kuliko yanavyosikika. Yanaeleza kwamba mchezo unaweza kuendelea mahali pasipo na mtandao. Hayaelezi kwamba mchezo hautatumia mtandao mahali ulipo. Kutoijua tofauti hiyo huzaa baadhi ya malalamiko ya vifurushi kwisha kabla ya wakati. Mzazi humpa mtoto simu ili acheze mchezo ambao, kwa ufahamu wake, hauhusiani na intaneti. Saa mbili baadaye hupokea ujumbe kwamba kifurushi kimekwisha, naye huamini kwamba mtoa huduma amemdhulumu. Huenda mtoa huduma ana kosa kweli, na mtumiaji ana haki ya kuhoji. Hata hivyo, jibu linaweza kuwa limo ndani ya simu yenyewe, mahali ambapo kila mtumiaji anaweza kulisoma kwa macho yake.

Data inakopotelea

Ipo michezo isiyoweza kuchezwa kabisa bila mtandao. PUBG Mobile na Free Fire ni ya kundi hilo, kwa kuwa mchezaji hupambana na watu walio kwingine na kila hatua yake hupitia kwenye seva za kampuni. Hapa hakuna utata, kwa sababu anayeucheza anajua kwamba anatumia data. Ipo pia michezo isiyougusa mtandao hata kidogo. Mchezo mdogo wa dinosaria uliomo ndani ya kivinjari cha Chrome tangu mwaka 2014 hujitokeza pale kivinjari kinapokosa mtandao, na hauna tangazo wala duka.

Michezo iliyo katikati ndiyo mingi, na ndiyo inayohitaji maelezo. Subway Surfers na Candy Crush Saga, ambayo yote ilitoka mwaka 2012, huchezwa hata katika eneo lisilo na mawimbi ya simu. Lakini data ikiwa imewashwa, michezo ya aina hii huitumia kuleta matangazo, kuhifadhi hatua aliyofikia mchezaji, kuonyesha mashindano na zawadi, na kupeleka kwa mtengenezaji taarifa za namna mchezo unavyotumika.

Mzigo mkubwa kwa kawaida ni matangazo ya video. Mchezaji aliyeishiwa nafasi za kucheza huambiwa atazame tangazo ili aongezewe, na mtoto ambaye hajui bei ya kifurushi hukubali kila mara. Kwake tangazo ni mlango wa kuendelea na mchezo. Tufanye hesabu ya mfano tu. Tangazo moja la sekunde 30 likiwa na MB 5, na mtoto akatazama matangazo kumi kwa saa, saa mbili za mchezo "usiohitaji intaneti" zitakuwa zimekula MB 100. Kwa aliyenunua kifurushi cha MB 500 hiyo ni sehemu moja kati ya tano, nayo imetumika bila mtu yeyote kufungua WhatsApp wala kutazama video aliyoichagua mwenyewe.

Hatusemi haya kulaumu matangazo. Mchezo unaotolewa bure una waandishi wa programu na wachoraji wanaopaswa kulipwa, na tangazo ndilo linalowalipa. Tunachosisitiza ni kwamba usafiri wa tangazo hilo hadi kwenye simu yako unaulipia wewe, kwa kifurushi chako, na ni haki yako kulijua hilo kabla ya kuanza kucheza.

Duka la programu hutoa dokezo. Katika Google Play, ukurasa wa mchezo huonyesha kama mchezo una matangazo na kama una ununuzi wa ndani ya programu, na chini yake kuna sehemu inayoeleza taarifa zinazokusanywa. Ukubwa unaoonyeshwa hapo usichukuliwe kuwa ndio mwisho wa hesabu. Michezo mingi hupakuliwa kwa sehemu: unashusha kiasi kidogo dukani, kisha mchezo unapofunguliwa kwa mara ya kwanza hudai faili nyingine, ambazo huenda zikazidi zile za awali.

Kuufunga mlango

Njia iliyo rahisi kuliko zote ni kuzima data ya simu kabla ya kufungua mchezo. Simu na ujumbe mfupi vitaendelea kupokelewa kama kawaida, zikiwemo taarifa za miamala ya fedha. Hali ya ndegeni hufunga hata hivyo navyo. Inafaa safarini, ambako simu inayohangaika kutafuta mawimbi humaliza betri haraka, lakini haimfai anayesubiri kupigiwa.

Wengi huamini kwamba wamekwisha kujilinda kwa kuwasha Kiokoa Data au kwa kuzuia data ya chinichini. Mipangilio hiyo ni mizuri ila kazi yake ni nyingine. Huzuia programu kutumia data wakati huitazami. Mchezo ulio wazi mbele ya macho yako hauko chinichini, hivyo matangazo yake yataendelea kuingia kana kwamba hukuzuia kitu. Katika iPhone, ukurasa wa mipangilio ya data ya simu una swichi ya kila programu, na ukiizima ya mchezo, mchezo huo hautagusa kifurushi hata ukiwa wazi. Baadhi ya simu za Android zina swichi kama hiyo na nyingine hazina. Ikiwa yako haina, zima data yote.

Anayejiandaa kwa safari afanye jaribio siku moja kabla. Msafiri wa treni ya TAZARA inayokatiza Hifadhi ya Taifa ya Nyerere, au wa SGR inayopita katika mahandaki ya Kilosa, hana nafasi ya kurekebisha mambo akiwa njiani. Pakua mchezo ukiwa kwenye Wi-Fi, ufungue, cheza hatua ya kwanza na uache faili za ziada zimalizike kushuka. Kisha zima Wi-Fi na data, ufunge mchezo kabisa, uufungue upya. Ukicheza hatua nzima bila kudaiwa mtandao, mchezo huo utakufaa njiani. Iko michezo ambayo hudai kuthibitisha akaunti kila baada ya siku kadhaa, kwa hiyo jaribio la mwezi uliopita lisitegemewe leo.

Jambo jingine ambalo watu hulifahamu wakiwa wamechelewa ni kwamba mchezo unaochezwa bila mtandao huhifadhi mafanikio yako ndani ya simu tu, hadi pale utakapounganishwa. Ukiuondoa ili kupata nafasi ya picha, au simu ikipotea, miezi ya kucheza hupotea pamoja nayo. Kuuunganisha mara moja moja kwenye Wi-Fi unayoiamini kunatosha, mradi mchezo wenyewe una huduma ya kuhifadhi mafanikio kwenye akaunti yako.

Kucheza wawili bila intaneti, na mtego wa kushiriki mtandao

Baadhi ya michezo huwawezesha watu walio mahali pamoja kushindana bila intaneti. Ludo King huchezwa kwa kupokezana simu moja, kama ludo ya ubao. Minecraft huwaunganisha wachezaji walio kwenye Wi-Fi moja. Pasipo na Wi-Fi, vijana huwasha huduma ya simu ya kushiriki mtandao, simu ya pili ikaunganishwa na ya kwanza, na mchezo ukaanza.

Hapa uangalifu unahitajika sana. Simu ya pili inaweza kuuona mtandao huo kama Wi-Fi ya kawaida ya nyumbani. Mambo yote ambayo mwenye simu hiyo aliyaahirisha "hadi nitakapopata Wi-Fi" yanaweza kuanza papo hapo: masasisho ya programu, kuhifadhi picha mtandaoni, video za kwenye makundi. Mchezo wenyewe unapitisha data kidogo mno kati ya simu mbili, na haitozwi na mtu yeyote. Kinachoisha ni kifurushi cha aliyewasha huduma, kikimalizwa na mambo yasiyohusiana na mchezo. Kwa hiyo, anayeshiriki mtandao kwa ajili ya mchezo azime kwanza data ya simu yake. Simu mbili zitaendelea kuwasiliana kwa Wi-Fi na mchezo utaendelea, ila njia ya kwenda kwenye intaneti itakuwa imefungwa. Simu ikikataa kushiriki mtandao bila data, basi mwenye simu ya pili azime masasisho yake kabla hamjaanza.

Michezo ya kurushiana

Kupokea mchezo kutoka kwa jirani kwa Bluetooth au kadi ya kumbukumbu hakutumii kifurushi, na ni desturi iliyozoeleka. Tunaelewa sababu zake, kwa kuwa mchezo wa GB 1 ni gharama kubwa kwa anayenunua data ya siku. Lakini faili lililopita mikononi mwa watu wengi haliwezi kujulikana kama bado ni lile lililotoka kwa mtengenezaji. Kipimo cha haraka ni ruhusa linazoomba. Mchezo wa karata hauna sababu ya kusoma ujumbe wako mfupi, kwa maana humo ndimo zinamoingia namba za siri za mara moja za benki na taarifa za pesa za simu. Ukiombwa ruhusa hiyo, kataa, na uondoe mchezo. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022 inataka taarifa za mtu zikusanywe kwa lengo halali na zisizidi zinazohitajika, lakini aliyelichezea faili na kulirusha mtaani si rahisi kumpata ili awajibishwe.

Vivyo hivyo kwa ujumbe unaoahidi sarafu au almasi za bure za mchezo endapo utatuma namba ya siri au kulipia "ada ndogo". Ujumbe wa namna hiyo uelekezwe kwenda namba 15040.

Ununuzi wa ndani ya mchezo hauwezi kufanyika bila mtandao, na hii ni faida nyingine ya kumpa mtoto simu iliyozimwa data. Pale data inapolazimika kuwashwa, weka sharti la nywila au alama ya kidole kwa kila malipo katika duka la programu. Ikiwa fedha imekwisha kukatwa, malipo hayo yalipitia dukani na huko ndiko pa kuanzia kudai. Kwa Google Play, ombi la kurejeshewa litumwe mapema, ndani ya saa 48 za ununuzi.

Kabla ya kulalamika

Kifurushi kikiisha kwa namna usiyoielewa, fungua ukurasa wa matumizi ya data katika mipangilio ya simu. Utaona kila programu na kiasi ilichotumia, na katika simu za Android utaona pia kiasi kilichotumika mchezo ukiwa wazi na kiasi kilichotumika chinichini. Hesabu ya simu inaweza kupishana kidogo na ya mtoa huduma, ila haitapishana kiasi cha kuuficha mchezo uliokula nusu ya kifurushi. Angalia vilevile kama uliwahi kukubali kuendelea kutumia data kwa salio la kawaida baada ya kifurushi kwisha, kwa sababu tangazo linaloingia wakati huo hutozwa kwa bei ya nje ya kifurushi.

Ikiwa hesabu ya simu na ya mtoa huduma zimetofautiana sana, piga picha ya ukurasa huo, andika tarehe na saa uliyonunua kifurushi, na uwasilishe lalamiko kwa mtoa huduma wako. Dai namba ya kumbukumbu ya lalamiko na uitunze. Usiporidhika na majibu, au usipojibiwa, lete lalamiko kwa Mamlaka ukiwa na namba hiyo pamoja na picha uliyopiga, maana lalamiko ambalo halijapita kwa mtoa huduma kwanza hurudishwa huko.