Rispa hakuondoka mwambani



Miaka kadhaa iliyopita, huku kwetu Kigamboni, mama mmoja alinijia ofisini akiwa na daftari. Mwanawe, dereva wa bodaboda, alikuwa ameuawa usiku na pikipiki yake kuchukuliwa. Muuaji hakujulikana. Mama akawa anapita kijiwe kwa kijiwe, kutoka Feri hadi Kibada, akiuliza na kuandika: nani alimwona, saa ngapi, alimpakia nani. Nilimwonea huruma, nikamwambia, "Mama, yaache. Mwachie Mungu."

Akanitazama. "Baba, Mungu nimeshamwachia. Hawa ninaowauliza ni watu."

Sikuwa na jibu.

Namkumbuka mama yule kila nisomapo habari za John Ward, mwenye hoteli wa Uingereza, ambaye hakuwa polisi wala mwanasheria. Septemba 1988 binti yake Julie, mpiga picha wa wanyamapori mwenye umri wa miaka 28, alitoweka Maasai Mara, Kenya. Baba akaja, akakodi ndege ndogo za kumtafuta. Baada ya siku chache mabaki ya mwanawe yakapatikana porini, penye majivu ya moto. Akaambiwa binti ameliwa na wanyama.

Lakini simba hawashi moto. Tena daktari alikuwa ameandika kwamba mfupa ulikatwa kwa kitu chenye makali. Taarifa ile ikabadilishwa, isomeke kana kwamba ulichanika. Baba alishika jambo hilo, hakuliachia. Mwaka 1989 uchunguzi wa mahakama nchini Kenya ukaamua kuwa Julie aliuawa. Ward alirudi Kenya zaidi ya mara 100. Watu walishtakiwa, kesi zikasikilizwa mwaka 1992 na mwaka 1999, na wote wakaachiwa huru. Yeye alifariki mwaka 2023, na hadi leo hakuna aliyetiwa hatiani.

Je, alipoteza maisha yake bure?

Fungua Kitabu cha Pili cha Samweli, sura ya 21. Utamkuta Rispa, ambaye wanawe wawili walinyongwa mlimani. Alitandika gunia juu ya mwamba tangu mwanzo wa mavuno mpaka mvua iliponyesha, akifukuza ndege mchana na wanyama wa mwituni usiku. Hakuweza kuwafufua wanawe. Alichoweza ni kukataa wasahauliwe. Habari zikamfikia mfalme Daudi, naye akaagiza mifupa ikusanywe. Baada ya hayo, ndipo Mungu akasikia maombi kwa ajili ya nchi.

Ndugu yangu, kumwachia Mungu si kufumba macho. Mungu mwenyewe alimuuliza Kaini alipo ndugu yake. Anayetafuta ukweli kuhusu damu iliyomwagika anarudia swali la Mungu.

Lakini tahadhari. Kiu ya ukweli ikichacha huwa kiu ya damu. Huku mitaani neno "mwizi!" likipigwa kelele mara moja, kijana asiye na kosa anaweza kufa kabla ya kujieleza. Walioachiwa huru na mahakama nao wana mama zao. Anayetafuta ukweli kwa haki hukubali pia kubaki bila jibu, kuliko kubuni jibu.

Mama yule alilijua hilo kuliko mimi. Baadaye nilimwomba radhi, tukaenda pamoja kituo cha polisi kukabidhi nakala ya daftari lake. Njiani nililisoma. Aliandika tu alichoambiwa, na nani kamwambia. Hakuna jina hata moja aliloliandikia pembeni "muuaji". Jibu hajalipata. Kila mwezi huja kuomba Misa ya marehemu, na bado anauliza.

Huenda wewe unayesoma leo uliona jambo fulani usiku fulani, ukanyamaza kwa woga. Kuna mama ameketi mwambani anakusubiri. Ukitoka kanisani, nenda ukaseme.

Jumapili njema.